Kivuli Kilipopanda Ukuta wa Jiko

Watu wa Lunca Salciei wakigombania mpaka wa shamba, hawakwenda kwa padri wala kwa polisi. Walikwenda kwa Bi Injinia Veturia Hodrea. Serikali ya zamani ilipoanguka na ardhi ikaanza kurudishwa kwa wenyewe, kila mtu alikumbuka ghafla kwamba babu yake alikuwa na shamba kubwa kuliko la babu wa jirani, na majembe yakaanza kuinuliwa juu ya vichwa vya watu. Veturia alifika na darubini yake ya miguu mitatu, mimi nyuma yake na mti wa kupimia. Akapima, akapiga hesabu, akataja namba. Akishataja, yamekwisha. Nimeona ndugu wawili waliotaka kuuana asubuhi wakinywa pombe ya plamu pamoja jioni, kwa sababu Veturia alisema mita kumi na nne na nusu.

Mimi ndiye Ilarie, niliyemshikia mti kwa miaka ishirini na miwili. Kazi ya mshika mti ni kusimama wima, kunyamaza na kutojikuna. Wapo wanaodhani ni kazi ya mjinga. Wasimame wao saa nzima kwenye upepo wa Februari na mti wa mita nne mkononi, halafu waje tuzungumze.

Alikuwa mwanamke mfupi, mnene, mwenye viatu vya kiume, maana baba yake alikuwa fundi viatu na alimwachia kalibu za kushonea viatu, za miguu ya kaka zake. Mfuko wa koti lake ulijaa mbegu za alizeti, na ukitaka kujua alisimama wapi siku ile, tazama maganda chini. Hakuolewa. Alisema mwanamume hapimiki, kwa sababu ukimweka pale humkuti pale. Wanaume ofisini walimcheka miaka miwili ya mwanzo, kisha wakaanza kumletea hesabu zao azikague kimyakimya kabla hazijaenda kwa mkubwa.

Tulikuwa na desturi yetu. Sisi wapimaji wa nchi hii tunaligawa duara mafungu mia nne, kwa hiyo robo ya duara ni mia. Watoto shuleni hufundishwa mia tatu na sitini, robo yake tisini, lakini hayo ni ya shuleni. Darubini huhesabu kuanzia juu kabisa utosini, kwa hiyo ikilala sawa na ardhi husoma robo ya duara. Kila asubuhi Veturia akishailaza ikawa sawa kabisa, aliita, "Mia." Nami niliitikia, "Mia." Ndipo kazi ilianza. Miaka ishirini na miwili, mvua au jua, mia kwa mia.

Sasa, dohani.

Kiwanda cha sukari kilikuwa kimefungwa, mashine zimeuzwa chuma chakavu, michoro ya majengo imewashiwa majiko na walinzi. Ilibaki dohani ya matofali, ndefu, yenye ufa ubavuni, na juu yake kiota cha korongo. Nyumba yangu iko upande wa kaskazini-magharibi wa dohani hiyo, ng'ambo ya kiwanja kilichokuwa kikimwagiwa viazi sukari vyeupe. Kiwanja ni bapa kama meza. Kutoka kitako cha dohani hadi ukuta wa jiko langu ni mita sabini na saba. Nilizipima mwenyewe kwa tepu, mara tatu, kwa sababu walikuwa wameamua kuiangusha kwa baruti na kiwanja hicho ndicho pekee kilichokuwa wazi. Upande wa pili kuna bomba la gesi, wa tatu mto, wa nne barabara kuu.

Ukitaka urefu wa jengo, hulipandi. Veturia alisimama ghorofa ya tatu ya ofisi za zamani za kiwanda, mita sabini kutoka kwenye dohani, darubini ikiwa dirishani. Akaiinua hadi ikakamata ncha ya dohani. Hiyo ni pembe ya mwinuko, nayo hukupa kipande kilicho juu ya jicho lako. Akaiinamisha hadi ikakamata tofali la chini kabisa, pale nilipokuwa nimesimamisha mti. Hiyo ni pembe ya mwinamo, nayo hukupa kipande kilicho chini ya jicho lako. Unajumlisha vipande viwili, basi, umelipata jengo lako na suruali haijachafuka.

Ila siku ile darubini haikuwa yetu. Yetu niliidondosha mtaroni mwezi wa Saba, Mungu anisamehe, ikapelekwa kwa fundi. Tuliazima nyingine kwenye chuo kimoja cha ufundi, ile wanayofundishia vijana. Nilipanda nayo ngazi, nikamsaidia kuilaza sawa, kisha ndipo nikateremka na mti. Lakini kabla sijateremka, alipochungulia kwenye kioo chake kidogo cha namba, aliita, "Tisini."

Nikasita. Miaka yote hiyo sijawahi kusikia neno hilo. Nikajiambia, Ilarie, wewe ni mshika mti, nani amekuuliza? Nikaitikia, "Tisini."

Jioni alipiga hesabu kwenye kikokotoo chake, akaandika kwenye karatasi, akagonga muhuri: mita sitini na nane.

Nilimngoja mlangoni kofia mkononi. "Bi Injinia, kwa hiyo haifiki kwangu."

"Sabini na saba toa sitini na nane, Ilarie. Kwani umesahau kuhesabu?"

"Tisa."

"Tisa. Mwambie Rozalia asichemshe maziwa siku hiyo, vumbi litaingia sufuriani. Na mhame kwa siku moja kama watu wengine."

Hapo ndipo lilipo kosa langu, na silifichi. Rozalia, mke wangu, alikuwa amevunjika nyonga kwa kuanguka kwenye ngazi ya ghala la chini. Alikuwa amefungwa plasta ngumu ya jasi kutoka kiunoni hadi kwenye kidole cha mguu, kitanda kimewekwa jikoni karibu na jiko la kuni. Walipomleta kutoka hospitali alipiga kelele njia nzima, na akaapa kwamba hatabebwa tena isipokuwa kwenda makaburini.

"Nibebwe mbele ya majirani kama kabati?" aliniambia. "Veturia amesema ngapi?"

"Mita tisa zinabaki."

"Basi mita tisa zinanitosha. Mimi si mnene kiasi hicho."

Nikakubali. Hakuna mtu aliyewahi kuona namba ya Veturia ikikosea, hata mimi. Polisi alipopita kuandika nani amehama na nani bado, nilimwambia Rozalia yuko kwa dada yake kijijini. Alinijua, niko kwenye kikosi cha kazi, nina kitambaa chekundu mkononi. Hakufungua mlango. Veturia naye sikumwambia.

Walisubiri korongo waondoke. Huku kwetu hakuna mtu mwenye akili anayegusa kiota chenye korongo, hata wakubwa wa mkoa hawathubutu. Wanaondoka baada ya Sikukuu Kuu ya Bikira Maria, katikati ya Agosti, na siku kumi baadaye, Ijumaa, ikapangwa: saa sita kamili mchana. King'ora cha kwanza nusu saa kabla, kila mtu awe ametoka. Cha pili dakika kumi kabla. Cha tatu, moto.

Saa tano hivi nilipenya nyuma ya ua nikaingia nyumbani. Nikamwekea Rozalia chai ya maua, kipande cha ugali baridi na jibini, pamba ya masikioni, na shuka lililoloweshwa maji la kufunika uso vumbi likija.

"Unatetemeka," alisema.

"Sitetemeki."

"Kikombe kinagonga meza peke yake, basi. Nenda kazini, mzee. Na ukirudi ufute dirisha."

Nikatoka. Mti wangu wa kupimia ulikuwa umeegemea ukuta, maana nililala nao nyumbani. Jua lilikuwa limepanda, anga safi. Sijui kwa nini nilifanya nilichofanya. Labda ni woga tu, mtu mwenye woga hutafuta mikono yake ifanye kitu. Mwaka wa kwanza Veturia alinifundisha mchezo: simamisha mti, ungoje kivuli chake kiwe sawa na urefu wake. Dakika hiyo kila kitu duniani kina kivuli sawa na urefu wake, mtu, ng'ombe, kanisa. Nikasimamisha mti wima pale uani. Nikalaza tepu chini. Mita nne na sentimita mbili. Nikangoja kidogo. Mita nne kamili.

Nikageuka kutafuta ncha ya kivuli cha dohani. Kwa mita sitini na nane ilipaswa kulala kwenye miti ya plamu, hatua tisa kutoka ukutani. Kwenye miti ya plamu kivuli kilikuwa kinapita tu, kipana, cheusi. Nikakifuata kwa macho. Kikavuka bustani ya kabichi. Kikavuka kopo la maji ya kuku. Kikafika kwenye ukuta wa jiko, kikaupanda, na ncha yake ilikuwa imekaa usawa wa kifua changu, chini kidogo ya dirisha ambalo nyuma yake Rozalia alikuwa anakunywa chai.

Nilipima tena kivuli cha mti. Nne kamili. Nikautazama mti kama umeinama. Haujainama, mimi siinamishi mti. Kama dohani itaangukia huku, haitaishia kwenye plamu. Itaingia jikoni.

Nikiwa bado nimeshika tepu, king'ora cha kwanza kikalia.

Nilitaka kumbeba Rozalia. Nikafika mlangoni, nikafikiria ile plasta, ngazi tatu za mbele, uzito wake na mgongo wangu, nikajua peke yangu siwezi. Nitamwangusha katikati ya ua na tutabaki pale wote wawili. Basi nikakimbia. Nilikimbilia lango la kiwanda na mti mkononi, nao unagonga kila kitu, wala halikunijia wazo la kuutupa.

Na nitasema ukweli, nilipokuwa nakimbia sikuogopa dohani tu. Niliogopa pia kumwambia Veturia kwamba amekosea. Jamani, mbele ya wanaume wale. Nani mimi? Kivuli na kijiti, dhidi ya darubini na muhuri. Nusu ya moyo ilikuwa inaniambia umekosea wewe, utamwaibisha, na polisi watajua ulidanganya. Mtu anaweza kuwa na mke chini ya dohani na bado akaona haya.

Walikuwa langoni, kwenye meza yenye ramani. Veturia na mbegu zake za alizeti, na Petcu, mkubwa wa baruti, mtu mrefu kutoka bonde la migodi ambaye vidole viwili vya mkono wa kushoto alikuwa ameviacha huko.

"Bi Injinia," nilisema, "neno moja pembeni."

"Sema hapa hapa. Mbona umelowa jasho?"

"Kivuli kimepanda ukuta wangu."

Nikawaeleza. Petcu alicheka, si kwa ubaya. "Mzee wa mti amekuwa profesa. Kesho atanipimia mwezi."

Veturia hakucheka. Alitema ganda. "Ilarie, miaka ishirini na miwili nakulipia chakula cha mchana, na leo unanipima kwa vivuli? Ncha ya kivuli ina ukungu. Unaweza kukosea kwa kiganja."

"Kwa kiganja sawa. Si kwa mita kumi."

"Mti ulikuwa umeinama."

"Mti wangu hauinami, na wewe unajua."

Alinitazama. Sikuwahi kumjibu namna hiyo. Kisha, kwa sababu sikuwa na njia nyingine, nikatoa lililobaki. "Rozalia yuko ndani."

Petcu aliacha kucheka. Veturia aliweka mbegu mezani, moja baada ya nyingine, kama mtu asiyejua mikono yake inafanya nini. "Ndani ya nini?"

"Jikoni. Nilimdanganya polisi. Plasta ile, habebeki. Na wewe ulisema tisa."

Hakunitukana. Afadhali angenitukana. Alifungua begi, akatoa daftari na kikokotoo, akasoma kwa sauti: mwinuko arobaini na nne, mwinamo tisa, umbali sabini. Akabonyeza. Sitini na saba na nukta tisa. Akabonyeza tena. Sitini na saba na nukta tisa. Mara ya tatu vidole vilikuwa vinateleza kwenye vitufe kwa jasho, na namba ikatoka ile ile.

"Hesabu ni hiyo," alisema Petcu. Lakini alikuwa anatazama saa yake. "Mama, karatasi yenye muhuri ni hii hapa. Nikisimamisha sasa, nina kilo arobaini za baruti ndani ya matofali yenye ufa, na hakuna anayejua zitakaa salama mpaka lini. Nipe sababu. Kivuli si sababu."

Veturia alinigeukia, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue niliona anaogopa. Uso ulikuwa umekuwa rangi ya chokaa. "Ilarie, ulikuwepo. Nilifanya nini siku ile ambacho sifanyi siku zote? Sema chochote."

Nikafumba macho. Nikaona dirisha, vumbi, miguu mitatu, darubini ngeni iliyonuka mafuta ya mashine.

"Uliita tisini," nilisema.

"Nini?"

"Ulipoilaza darubini. Siku zote unaita mia. Siku ile uliita tisini. Niliona ajabu, nikanyamaza."

Alitazama kikokotoo. Upande wake wa juu kilikuwa na kitufe kidogo cha kusukuma, chenye mahali pa mia nne na mahali pa mia tatu na sitini, na kwa miaka yote hiyo hakikuwahi kutoka kwenye mia nne. Darubini ya wanafunzi ilimpa pembe za shuleni, za tisini. Alizisoma sawasawa, akazitoa kwenye tisini sawasawa, akaziandika sawasawa. Kisha jioni akazilisha kwenye mashine iliyodhani ni za mia. Mazoea yana taabu. Alisukuma kitufe kwa ukucha na kubonyeza upya.

Sabini na nane na nukta saba.

Petcu alikuwa tayari anakimbia.

Nieleze kwa nini alikimbia badala ya kupiga simu. Kwenye baruti za umeme hakuna redio wala simu ya upepo, mawimbi yake hewani yanaweza kuziwasha. Mwenye kugeuza mkono wa mashine ya kulipulia alikuwa shimoni, ng'ambo ya barabara kuu, kilomita moja na nusu kwa kuzunguka uzio wa kiwanda, na amri aliyopewa ilikuwa moja: king'ora cha tatu, geuza. King'ora kilikuwa juu ya paa la zimamoto, kinaendeshwa na mtu mwenye saa, kilomita tatu kutoka pale. Kwa hiyo kila kitu kilikuwa miguuni kwa Petcu, mtu wa miaka hamsini na kitu mwenye mapafu ya mgodini.

Veturia hakumfuata Petcu. Alishika njia ya kiwanjani, kuelekea kwangu. Nikamfuata. Alikuwa anakimbia vibaya, na viatu vile vya kaka zake, mkono mmoja umeshika ubavu, na dohani juu yetu upande wa kushoto. Sikuitazama. Nilikuwa naisikia tu, upepo ukipita kwenye kiota kitupu.

Tukiwa kwenye miti ya plamu king'ora cha pili kikalia. Dakika kumi.

"Tumbebe," alisema kabla hajaingia mlangoni.

Rozalia alikuwa na shuka la maji kifuani. "Ee, wageni," alisema. "Dada Veturia, umekuja kuhakikisha mita zako?"

"Nyamaza, Rozalia, mshike Ilarie shingoni."

Tulimwinua. Alipiga yowe ambalo ninalisikia mpaka leo. Tukamfikisha mlangoni, na plasta ikakwama. Mguu ulikuwa umefungwa ukiwa umenyooka kwenda pembeni, na mlango wa jiko ni mwembamba. Wauguzi walikuwa wanne na walimpitisha kwa kumlaza ubavu, sisi tulikuwa wawili na mikono imekufa. Tukageuza, tukajaribu tena. Alianza kulia, yeye asiyelia, akisema niacheni, niacheni, nendeni nyinyi. Tukamrudisha kitandani. Tukasukuma kitanda hadi ukuta wa ndani kabisa, mbali na dirisha. Hatua nne. Hicho ndicho tulichoweza, hatua nne.

"Nenda, Bi Injinia," nilisema. "Bado kuna dakika."

Alivuta kigoda akakaa kando ya kitanda. "Kaa chini, Ilarie, unanizibia mwanga."

Tukakaa. Saa ya ukutani ilikuwa ya mama mkwe wangu, ina mlio mzito. Saa sita kasoro nne. Mimi nilikuwa nasikia haja ndogo kama mtoto. Nilikuwa nikifikiria ng'ambo ya barabara, Petcu amefika wapi, amejikwaa, ameanguka, amekaa kando ya mtaro anakohoa. Kila gari lililosikika kwa mbali nilidhani ndiyo baruti.

Kasoro mbili. Veturia alisema, bila kunitazama, "Ulimwacha hapa kwa sababu ya namba yangu."

"Kwa sababu ya namba yako."

"Na mimi sikuikagua kwa sababu ni yangu."

Rozalia alitoa mkono chini ya shuka akashika mkono wa Veturia. Kisha akashika wangu. Mikono mitatu, yote imelowa.

Saa ilianza kugonga. Ilipofika pigo la tatu, kule mjini king'ora cha tatu kikalia.

Nilijilaza juu ya Rozalia. Sikupanga, mwili ulijilaza wenyewe. Nikasikia Veturia naye amejilaza juu ya miguu yake, juu ya plasta, na uzito wake wote. King'ora kililia, kililia, sijui muda gani, kisha kikashuka taratibu kama kinavyoshuka, kikanyamaza. Nikangoja. Kuku walikuwa wanaparura nje. Saa ya ukutani ilikuwa inaendelea kwenda.

"Unaniumiza mguu, dada," alisema Rozalia.

Petcu alikuwa amefika shimoni king'ora ndiyo kwanza kimeanza kulia, mwenye mashine ameshaushika mkono wake ageuze. Aliposhindwa kusema, kwa kukosa pumzi, aliuweka mkono wake wenye vidole vitatu juu ya mkono wa mashine na kuubana. Hayo alitusimulia saa moja baadaye, amekaa kwenye ngazi yangu na gilasi ya pombe ya plamu aliyoshindwa kuinyanyua bila kumwaga.

Dohani waliibomoa baadaye kwa nyundo kutoka juu, wiki sita, tofali kwa tofali. Mkuu wa ofisi alimwambia Veturia karatasi ile ichanwe, hakuna aliyeumia, ya nini kujiandikia aibu. Alikataa. Alipeleka barua mwenyewe mkoani, kosa lake limeelezwa mstari kwa mstari, na wakampokonya muhuri mwaka mzima. Mwaka huo watu wenye ugomvi wa mipaka waliendelea kumjia. Aliwarudisha.

Jioni ya siku ile ya ving'ora, kabla Veturia hajaondoka kwangu, alikuwa ametoka nje na penseli yake ya seremala. Akaniuliza ncha ya kivuli ilifika wapi hasa. Nikamwonyesha. Akachora mstari ukutani, urefu wa kiganja, akaandika tarehe. Hakuandika kingine.

Rozalia alipona, akachechemea mpaka mwisho. Kila mwaka kabla ya Pasaka tunapaka nyumba chokaa, ndiyo kawaida, na kila mwaka alipitisha brashi pembeni ya mstari ule asiuguse. Veturia alikuja kila Pasaka na mayai yake mekundu. Kabla ya kusalimia alikwenda kuutazama mstari, kisha ndipo aliingia. Jikoni alikaa kwenye kigoda kile kile. Na alipopewa tena muhuri tukarudi mashambani, aliacha kuniitia mimi niitikie. Alinitaka nisome mimi kwanza, kwa jicho langu, mimi mshika mti, halafu yeye ndiye aitikie.

Wote wawili sasa wako makaburini kule kilimani, hatua thelathini na moja kati yao, nilizihesabu. Mwaka huu mgongo ulikataa, nikaita kijana wa mtaani anipakie nyumba. Nikamkuta ameufikia ule mstari na brashi imejaa. Anauliza, babu, huu uchafu niufunike?

Nikamwambia aniletee kigoda. Kipande kile nimekipaka mwenyewe, pembeni ya mstari.